Glasi Iliyogeuka Rangi: Somo la Chumvi Iliyoyeyuka Majini

Tuchukue mfano. Ni saa nne asubuhi. Kijana aliyevaa nadhifu, mkoba begani, anasimama mlangoni pa nyumba moja.

"Hodi, hodi. Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Karibu."

Kijana anaeleza kwamba anauza mitambo ya kusafisha maji, na kwamba hahitaji kuaminiwa kwa maneno matupu. Anaomba glasi mbili. Ya kwanza anaijaza maji ya ndoo ya nyumbani, ambayo mama huyo ameyachemsha na kuyachuja usiku uliopita. Ya pili anaijaza maji ya chupa aliyokuja nayo, yaliyotoka katika mtambo wake. Kisha anatoa kifaa kidogo chenye vijiti vya metali, anatumbukiza vijiti hivyo katika glasi zote mbili na kukiunganisha na umeme wa ukutani.

Baada ya dakika moja maji ya ndoo yanaanza kutoa povu. Yanageuka kijani, kisha kahawia, na uchafu mzito unaelea juu. Maji ya kijana yamebaki meupe.

"Mama, haya ndiyo wanayokunywa watoto," anasema kwa sauti ya huruma.

Mama ananyamaza. Kabatini kuna fedha alizozitenga kwa ajili ya ada ya shule. Anazifikiria.

Mchezo huu umeonekana katika nchi mbalimbali, ikiwamo India. Nguvu yake haitokani na uongo wa maneno, kwa maana macho ya mama yameona kweli maji yakibadilika. Nguvu yake inatokana na jambo moja ambalo wengi wetu tulifundishwa shuleni kisha tukalisahau: tabia ya chumvi inapoyeyuka majini. Katika somo hili tutaifuata chumvi hiyo hatua kwa hatua, tuone inakwenda wapi, kwa nini macho hayaioni, ni nini kinachoweza kuiondoa na ni nini kisichoweza. Mwishoni tutairudia glasi ile, na msomaji ataweza kuamua mwenyewe kilichotokea ndani yake.

Chumvi huenda wapi?

Tunamwomba msomaji afanye jaribio dogo jikoni. Chukua glasi ya maji safi ya kunywa, weka kijiko kimoja cha chai cha chumvi, kisha koroga. Baada ya muda mfupi punje zote zimetoweka na maji yamekuwa maangavu kama mwanzo. Yapitishe katika kitambaa safi kilichokunjwa mara nne: kitambaani hakibaki kitu. Onja tone moja: ukali wa chumvi uko palepale.

Chumvi haikupotea. Laiti tungekuwa na mizani nyepesi, tungeona kwamba maji ya gramu 250 yaliyotiwa chumvi ya gramu 5 sasa yana uzito wa gramu 255 kamili. Kilichobadilika ni umbo lake tu.

Punje ya chumvi ya mezani imejengwa kwa chembe ndogo mno za aina mbili, sodiamu na kloridi, zilizopangwa kwa zamu kama matofali ya ukuta. Kila chembe ya sodiamu ina chaji chanya ya umeme, na kila chembe ya kloridi ina chaji hasi. Chembe zenye chaji namna hii huitwa ioni. Kwa kuwa chanya na hasi huvutana, ukuta huo ni imara, na ndiyo maana chumvi ikiwa kavu hubaki punje ngumu.

Maji nayo yana tabia ya pekee. Kila molekuli ya maji ina oksijeni moja na hidrojeni mbili, na umeme wake haukugawanyika sawasawa: upande wa oksijeni una uhasi kidogo na upande wa hidrojeni una uchanya kidogo. Punje ya chumvi inapoingia majini, molekuli za maji huizunguka pande zote. Zile zinazogeuza upande wa oksijeni huvuta ioni za sodiamu, na zile zinazogeuza upande wa hidrojeni huvuta ioni za kloridi. Moja baada ya nyingine, ioni hung'olewa ukutani na kusambaa majini, kila moja ikiwa imezungukwa na maji. Katika lugha ya kila siku tunasema chumvi imeyeyuka. Vitabu vya kemia husema imemumunyika, na maji yaliyoibeba huyaita mmumunyo.

Hapo ndipo tunapoelewa kwa nini kitambaa kilishindwa. Bakteria wengi wana ukubwa wa takribani sehemu moja ya elfu ya milimita, na chujio zuri la udongo wa kuchomwa huweza kuwazuia. Ioni ya sodiamu ni ndogo kuliko sehemu moja ya milioni ya milimita. Kwake yeye, tundu dogo kabisa la chujio la udongo ni kama lango la uwanja wa mpira.

Jambo la pili la kukumbuka ni wingi. Maji ya gramu 100, katika joto la kawaida la chumbani, yanaweza kuyeyusha takribani gramu 36 za chumvi kabla ya punje kuanza kubaki chini. Maji ya bahari yana takribani gramu 35 za chumvi za aina mbalimbali katika kila lita moja, yaani sehemu moja tu ya kumi ya kiasi ambacho maji yangeweza kubeba. Kwa hiyo uangavu wa maji hauelezi chochote kuhusu chumvi iliyomo. Maji yanaweza kuwa makali kupita bahari, na bado yakang'aa katika glasi.

Chumvi na umeme

Mwaka 1834 mwanasayansi wa Uingereza, Michael Faraday, aliyekuwa akichunguza umeme unavyopita katika vimiminika, aliingiza neno ioni katika sayansi. Miaka 50 baadaye, mwaka 1884, kijana wa Sweden aitwaye Svante Arrhenius aliandika katika tasnifu yake kwamba chumvi inapoyeyuka hugawanyika katika chembe zenye chaji, na kwamba chembe hizo ndizo zinazobeba umeme majini. Walimu wake hawakuvutiwa, wakampa alama za chini. Mwaka 1903 wazo lilelile lilimpatia Tuzo ya Nobel ya Kemia.

Maji yaliyoondolewa chumvi zote hupitisha umeme kwa shida sana. Ukiyatia chumvi kidogo tu, ioni hupata njia: chanya huelekea upande mmoja, hasi huelekea upande wa pili, na umeme hupita. Kadiri ioni zinavyozidi, ndivyo umeme unavyopita kwa wepesi zaidi.

Karibu maji yote tunayokunywa yana ioni kiasi fulani. Maji ya mvua yanapopita ardhini huchukua kalsiamu, magnesiamu, sodiamu na nyinginezo kutoka katika miamba na udongo. Hizo si uchafu. Kalsiamu na magnesiamu ni madini ambayo mwili unayahitaji, nayo huchangia ladha nzuri ya maji. Maji yasiyo na ioni kabisa huonekana mdomoni kama maji yaliyopooza.

Rangi ile ilitoka wapi?

Sasa turudi sebuleni. Maji ya mama, kama maji mengi ya bomba na ya kisima, yalikuwa na ioni. Maji ya muuzaji yalikuwa yameondolewa ioni karibu zote. Vijiti vya kifaa kile kwa kawaida huwa vya metali mbili, chuma na aluminiamu.

Umeme ulipowashwa, katika maji ya mama ulipata njia ya kupita. Kijiti cha chuma kilichokuwa upande chanya kilianza kulika, nacho kikaachia ioni za chuma majini. Upande wa pili, maji yenyewe yalivunjwa na kutoa mapovu ya gesi ya hidrojeni. Povu lile ndilo hilo. Chuma kilichoachiwa kiliungana na sehemu ya maji na kufanya kitu chenye rangi ya kijani, ambacho kikikutana na oksijeni hugeuka kahawia. Kwa neno la kawaida, ile ni kutu. Haikuwamo katika ndoo ya mama. Ilitengenezwa pale pale mezani, kutoka katika vijiti vya muuzaji.

Katika glasi ya pili umeme haukupata njia. Vijiti havikulika, na maji yakabaki meupe. Jaribio zima, kwa hiyo, lilionyesha jambo moja tu: glasi ya kwanza ilikuwa na chumvi zilizoyeyuka, na ya pili haikuwa nazo. Kuhusu vijidudu, sumu au uchafu, halikusema neno.

Upo uthibitisho rahisi ambao mtumiaji ana haki ya kuudai. Mwombe muuzaji achukue glasi mpya ya maji ya mtambo wake mwenyewe, yale meupe. Tia humo chumvi ya jikoni kidogo, kiasi cha kushikwa kwa ncha za vidole viwili, na kukoroga mpaka iyeyuke. Mwambie arudie jaribio. Maji yake yatageuka rangi kama yalivyogeuka yako, ingawa chumvi hiyo ndiyo uliyopikia mchuzi wa jana. Muuzaji mwaminifu hatakuwa na sababu ya kukataa.

Tahadhari: jaribio hili hutumia umeme wa ukutani ndani ya maji. Usilifanye mwenyewe nyumbani, usiguse glasi wala vijiti wakati umeme umewashwa, na usinywe maji yaliyotumika.

Kipimo cha namba

Wauzaji wengine hutumia kifaa kidogo chenye ukubwa wa kalamu. Kinatumbukizwa majini, na namba inaonekana katika kioo chake. Kifaa hiki ni halali na kina manufaa yake, lakini ni lazima kieleweke. Kinapima jinsi maji yanavyopitisha umeme, kisha kinakadiria wingi wa chumvi zote zilizoyeyuka kwa miligramu katika lita moja.

Shirika la Afya Duniani linaeleza kwamba maji yenye chumvi zilizoyeyuka chini ya miligramu 600 kwa lita kwa kawaida huwa na ladha nzuri, na kwamba yakipita miligramu 1,000 ladha yake huzidi kuwa mbaya. Angalia kwamba hapa tunazungumzia ladha. Kifaa hakitofautishi kalsiamu yenye manufaa na ioni yenye madhara. Vilevile hakimwoni kiumbe hai yeyote.

Maji ya mvua yaliyokingwa kwenye bati lenye kinyesi cha ndege yanaweza kuonyesha namba ndogo kabisa, na bado yakamlaza mtu hospitalini. Maji ya kisima kizuri yanaweza kuonyesha miligramu 400 na yakafaa kunywewa. Mtu akikwambia kwamba namba ndogo ni usalama, na kwamba sasa unaweza kuacha kutibu maji, anakupeleka kwenye hatari ambayo kifaa chake hakiwezi kuiona. Kipindupindu hakina namba katika kioo kile.

Moto huondoa nini, huacha nini?

Tumeona kosa la upande mmoja, la kuogopa kila kilichoyeyuka. Lipo na kosa la upande wa pili, la kudhani kwamba maji yakishachemshwa yameondolewa kila kitu.

Funika sufuria ya maji ya chumvi jikoni na uyaache yachemke. Epua, na baada ya kupoa onja matone yaliyoshika ndani ya mfuniko. Hayana chumvi. Mvuke ni maji peke yake. Ioni za sodiamu na kloridi haziwezi kuruka pamoja nao. Zimebaki sufuriani. Wakulima wa chumvi wa pwani wanalijua jambo hili vizuri, kwa maana ndiyo kazi yao: huyaingiza maji ya bahari katika mabwawa mapana, jua huchukua maji, na chumvi hubaki.

Kwa hiyo tufanye hesabu. Lita 4 za maji zenye gramu 1 ya chumvi katika kila lita zina chumvi gramu 4. Zikichemshwa bila kufunikwa hadi zibaki lita 3, chumvi bado ni gramu 4. Kila lita sasa ina zaidi ya gramu 1.3. Kuchemsha kumeyaongezea maji ukali badala ya kuupunguza.

Vivyo hivyo kwa njia nyingine tunazozitumia majumbani. Shabu na mbegu za mlonge hukusanya tope na kulizamisha chini. Vidonge vya klorini huua vijidudu vingi. Kuchuja kwa kitambaa huondoa takataka. Njia hizi zote ni za thamani kubwa, na hatumshauri mtu yeyote kuziacha. Lakini hakuna hata moja inayoondoa chumvi iliyoyeyuka.

Ukoko mweupe unaoganda ndani ya birika ni jambo la pekee kidogo. Huo ni kalsiamu iliyoganda kwa sababu ya moto, nao haudhuru. Sehemu ya kalsiamu huweza kutoka majini kwa kuchemshwa. Chumvi ya mezani haitoki.

Liko jambo zito zaidi. Si kila chumvi hujulisha ulimi. Katika maeneo yanayouzunguka Mlima Meru na Mlima Kilimanjaro, na kwingineko katika Bonde la Ufa, maji mengi ya chemchemi na visima yana floraidi nyingi iliyotoka katika miamba ya volkano. Floraidi haina ladha wala rangi katika viwango hivyo. Shirika la Afya Duniani limeweka kikomo cha miligramu 1.5 kwa lita. Mtoto anayekunywa maji yaliyozidi sana kiwango hicho kwa miaka mingi hupata madoa ya kahawia yasiyofutika katika meno, na viwango vikubwa zaidi huharibu mifupa. Kuchemsha hakuondoi floraidi. Kipimo cha kalamu hakiwezi kuitenga na ioni nyinginezo. Njia ya kuijua ni maabara.

Kisima kitamu kilichogeuka

Wakazi wengi wa pwani wameshuhudia kisima kilichotoa maji matamu kwa miaka mingi kikigeuka taratibu kuwa cha chumvi. Malalamiko ya namna hii husikika katika miji kama Dar es Salaam na Mombasa, na katika kisiwa cha Unguja. Wapo wanaodhani mwenye kisima amefanya hila. Mara nyingi sababu iko chini ya ardhi.

Maji matamu ya mvua yaliyozama ardhini huelea juu ya maji ya bahari yaliyopenya chini ya pwani, kwa sababu maji ya bahari ni mazito zaidi kwa takribani asilimia 2.5. Badon Ghyben wa Uholanzi na Herzberg wa Ujerumani, kila mmoja kwa wakati wake, walieleza kanuni yake: kwa kila mita 1 ya maji matamu iliyo juu ya usawa wa bahari, ziko takribani mita 40 za maji matamu chini ya usawa huo. Kanuni hiyo ina upande wa kutisha. Pampu zikishusha maji ya juu kwa mita 1 tu na kuyaacha hapo, maji ya chumvi yaliyo chini yanaweza kupanda, baada ya muda, kwa mita nyingi. Visima vikizidi katika mtaa mmoja, na kila mmoja akivuta usiku na mchana, bahari huitikia.

Funzo kwa mtumiaji ni hili: cheti cha kupima maji cha miaka mitano iliyopita hakithibitishi maji ya leo. Unaponunua maji ya boza au ya kisima kirefu, uliza yalipimwa lini.

Chumvi ya majini na afya

Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidishe gramu 5 za chumvi kwa siku, ambazo zina takribani gramu 2 za sodiamu. Mtu anayekunywa lita 2.5 za maji yenye gramu 1 ya chumvi ya mezani kwa lita ameshamaliza nusu ya kiasi hicho kabla hajala. Chai, maharage na ugali vilivyopikwa kwa maji hayohayo vinaongeza tena.

Kwa mtu mwenye afya njema, maji yenye chumvi kidogo ni kero ya ladha. Kwa mwenye shinikizo la juu la damu, mwenye ugonjwa wa figo au mwenye moyo dhaifu, ni jambo la kumweleza daktari. Mtoto mchanga anayetumia maziwa ya kopo asikorogewe kwa maji ya chumvi, kwa maana figo zake hazijakomaa. Na pakiti ya chumvi za kurudisha maji mwilini kwa mtoto anayeharisha imepimwa ili ikorogwe kwa kiasi cha maji safi ya kunywa kilichoandikwa juu yake. Maji yenye chumvi hubadili uwiano huo. Nyumba inayotegemea kisima cha chumvi ni vema iweke daima dumu la maji matamu yaliyotibiwa kwa ajili ya dharura kama hiyo.

Ni nini basi huondoa chumvi?

Ziko njia chache. Ya kwanza ni kuyafanya maji kuwa mvuke na kuukusanya mvuke huo. Njia hii ni ya hakika, lakini hula kuni, gesi au umeme mwingi. Ya pili ni kuyasukuma maji kwa shinikizo kubwa kupitia utando maalumu unaopitisha maji na kuzuia sehemu kubwa ya ioni. Mitambo mingi inayouzwa majumbani kwa kazi hii hutumia utando huo. Hufanya kazi, lakini huhitaji umeme au shinikizo la kutosha la maji, utando wake huchakaa na kubadilishwa, na kwa kila lita inayotoka safi, maji mengine yenye chumvi nyingi zaidi humwagwa. Ya tatu ni kuchanganya: ndoo moja ya maji ya chumvi ikichanganywa na ndoo moja ya maji ya mvua, ukali hupungua hadi karibu nusu. Na njia bora kuliko zote, pale inapowezekana, ni kutafuta chanzo kingine kwa ajili ya kunywa na kupikia, na kuyaacha maji ya chumvi kwa usafi wa nyumba.

Maji yaliyoondolewa chumvi yakiwekwa katika ndoo chafu au simtanki isiyofunikwa huchafuka tena kama maji mengine yoyote. Mtambo hauondoi wajibu wa kuhifadhi maji vizuri.

Maswali ya kuuliza kabla ya kulipa

1. Maji yangu yana tatizo gani? Omba majibu ya maabara yenye tarehe, yanayotaja kloridi, floraidi na vijidudu kila kimoja peke yake. Rangi katika glasi si jibu la maabara.

2. Mtambo huu unaondoa nini hasa? Mtambo wa vijidudu si lazima uondoe chumvi. Taka maelezo yaliyoandikwa.

3. Unamwaga lita ngapi ili kupata lita moja? Kama unanunua maji kwa dumu, hesabu hii inaweza kubadili uamuzi wako wote.

4. Chujio na utando hubadilishwa baada ya muda gani, kwa bei gani, na vipuri vinapatikana wapi?

5. Je, nitapewa risiti, hati ya dhamana na anwani ya duka? Asiyekupa anwani leo hutampata kesho.

6. Je, naweza kufikiria kwa siku chache? Bei ambayo "ni ya leo tu" ni dalili ya kuhofia muda wa kufikiri.

Hatusemi kwamba kila anayebisha hodi na mtambo wa maji ni laghai. Zipo kaya ambazo maji yake yana chumvi au floraidi kiasi cha kuhitaji mtambo, na kwao fedha hizo zitakuwa zimetumika vema. Lakini uamuzi huo utokane na kipimo cha maji yao, usitokane na hofu ya dakika tano mbele ya glasi ya kutu.

Tumrudie basi yule mama. Maji aliyoyachemsha na kuyachuja usiku uliopita yalikuwa yamefanyiwa kazi iliyo sahihi kwa upande wa vijidudu. Kama yana chumvi nyingi au floraidi ni swali jingine, halali kabisa, nalo hujibiwa na maabara. Akimwomba kijana atie chumvi kidogo katika maji yake meupe na kurudia jaribio, atakuwa amelijibu swali la rangi yeye mwenyewe. Ada ya shule itabaki kabatini mpaka jibu la maabara litakapopatikana.